Achari Tamu ya Moshi

Akitokea mtu kuuliza kwa nini Wachaga, watu hodari wa ukulima na wenye mifereji ya maji tangu zama za mababu, hawakurithi fani ya kuhifadhi matunda kwa sukari, jawabu limo katika kihamba chenyewe, yaani shamba la migomba lizungukalo nyumba: mgomba hauna msimu, na mwenye ndizi ya kukata leo na mwezi ujao hana dharura ya kuiwekea akiba. Zilizowiva mno ziliishia katika mbege, pombe yao ya ndizi. Tena mawingu ya Marangu na Machame, huko mlimani, hayapatani na kazi itakayo jua kali siku nyingi.

Achari tamu, basi, ilipanda kutoka pwani. Reli ambayo Wadachi waliianza Tanga mwaka 1893 iliwasili Moshi mwaka 1911, na kwa njia hiyo wakazidi kuja wafanyabiashara wa Kihindi, wengi wao asili yao Gujarat, ambako embe bichi hukunwa, ikatiwa chumvi na bizari, ikakamuliwa maji yake, kisha ikachanganywa na sukari, ikafunikwa kitambaa chembamba na kuanikwa uani hata sukari ikayeyuka na kuwa nzito mfano wa asali, ndipo ikatiwa pilipili na mdalasini. Mji wa Moshi, ulio chini kwenye joto, uliifaa kazi hiyo, kwani embe hukomaa miezi ya kaskazi, kabla masika hayajaziba jua. Siri yote ni wingi wa sukari, ambayo huyashika maji yasipate kulisha kuvu. Anayeibania huvuna ukungu, wala asimlaumu mwenye embe.

Hata hivyo sukari yataka fedha. Mwaka 1933 wakulima wa kahawa waliunda chama chao kikuu cha ushirika, KNCU, na katika miaka hiyo hiyo ya 1930 mashamba ya miwa ya kampuni ya TPC yakaanza huko Arusha Chini, kusini ya mji. Kwa rai yangu, mambo hayo mawili ndiyo yaliyoifungulia achari milango ya jikoni nyingine, maana ilimu ya upishi aghalabu haipiti vitabuni, bali hupita mlango wa uani, pamoja na mpishi na yaya.

Siku hizi maduka yamejaa chupa za kiwandani, nyingi zikiwa na siki kali na rangi ya kung'aa. Mwenye embe bichi, sukari na jua la Januari hana sababu ya kuzinunua.