Tufani na Deni: Kisa cha Umeme wa Orissa

Wahenga walinena kuwa kipya kinyemi, ingawa kidonda. Katika miaka ya 1990 kipya cha serikali nyingi kilikuwa ubinafsishaji, na nchini India jimbo la kwanza kuuingiza katika bodi yake ya umeme lilikuwa Orissa, lililo kando ya Ghuba ya Bengal, ambalo tangu 2011 huitwa Odisha.

Sheria ya mageuzi ilipitishwa mwaka 1995 na kuanza kutumika Aprili 1996, kwa msaada wa mkopo wa Benki ya Dunia. Bodi ya zamani ikavunjwa. Njia kuu za umeme zikakabidhiwa shirika la GRIDCO, na kazi ya ugavi ikagawanywa katika kanda nne. Mwaka 1999 kanda tatu zilichukuliwa na kampuni ya BSES ya Mumbai. Ya nne, kanda ya kati yenye miji ya Bhubaneswar, Cuttack na Puri, ilichukuliwa mwezi Septemba na AES ya Marekani, kwa hisa asilimia 51.

Haikupita hata miezi miwili. Tarehe 29 Oktoba 1999 tufani kuu ilitua karibu na bandari ya Paradip, ikaua watu wapatao 10,000 na kulaza chini nguzo na nyaya ambazo mwenye mali mpya alikuwa ndiyo kwanza amezipokea.

Hata hivyo, tufani haikuwa adui pekee. Katika kila uniti kumi za umeme zilizotiwa katika nyaya, nne na zaidi hazikurudi kuwa fedha. Nyingine zilipotea kwa uchakavu wa njia, nyingine kwa mita mbovu, kwa wizi, na kwa ankara zisizolipwa. Makadirio ya hasara yaliyotangulia ubinafsishaji yalikuwa pungufu ya ukweli. Aliyenunua alinunua kwa hesabu isiyo sahihi, naye aliyeuza alijidanganya mwenyewe.

Hapo deni likafanya mduara. Kampuni ya ugavi ilishindwa kuilipa GRIDCO, nayo GRIDCO ikashindwa kuwalipa wazalishaji, miongoni mwao kampuni ambayo AES hiyo hiyo ilikuwa na hisa asilimia 49. Mdai na mdaiwa wakawa mtu mmoja! Mwaka 2001 AES ikajiondoa, na tume ya udhibiti ikateua msimamizi. Mwaka 2015 tume ikafuta pia leseni za kanda tatu zilizosalia, ambazo wakati huo zilikuwa mikononi mwa Reliance.

Tarehe 3 Mei 2019 Kimbunga Fani kilipoipiga Puri, kanda ya kati haikuwa na mmiliki binafsi, na nguzo zilianguka vilevile. Upepo hauulizi hati ya umiliki. Kati ya 2020 na 2021 kanda zote nne zilikabidhiwa Tata Power kwa hisa asilimia 51, serikali ya jimbo ikibaki na 49.

Basi swali la nani amiliki lina uzito wake, lakini halitangulii swali la hesabu. Dawa ya deni ni kulipa, nalo halilipiki kabla ya kujulikana kiasi chake. Hesabu ikifichwa, mnyonge aliyelipa ankara yake kwa wakati hukaa gizani pamoja na aliyeiba.