Watu Walioitwa Wasomaji

Mwalimu wa darasa, chukua chaki uandike ubaoni neno moja kwa herufi kubwa: WASOMAJI. Wanafunzi walisome kwa sauti, mzee na kijana, mama na baba.

Ninyi nyote mliokaa hapo mnataka kuitwa kwa jina hilo. Lakini miaka mia moja na zaidi iliyopita, katika nchi ya Buganda, msomaji hakuwa mtu ajuaye herufi tu. Alikuwa mtu wa dini. Waganda walisema abasomi, na kitenzi ni kile kile chetu, kusoma. Waislamu kutoka pwani ndio waliotangulia kufundisha dini katika jumba la Kabaka Mutesa wa Kwanza, nao walifundisha kusoma Kurani. Wakristo walipofika walilikuta neno limekwisha kuzoeleka. Kuabudu na kusoma vilikuwa jambo moja.

Mwalimu wa kwanza wa Kikristo aliyekaa katika jumba hilo alikuwa kijana Mwafrika, Dallington Maftaa, aliyesoma katika shule ya misheni huko Unguja. Alifika Buganda mwaka 1875 pamoja na msafiri Stanley, na Stanley alipoondoka yeye akabaki kumsomea Kabaka maneno ya Biblia. Aliyasoma kwa lugha gani? Kwa Kiswahili, maana Kiganda kilikuwa bado hakina vitabu vya Kikristo. Jina lake halitajwi mara nyingi, nami naona linastahili kutajwa.

Mwaka 1878 akaja Alexander Mackay, Mskoti, fundi wa mitambo. Mackay aliweza kufua chuma na kujenga nyumba, tena alikuwa na mtambo mdogo wa kupiga chapa. Akapiga chapa karatasi za herufi na silabi, kama hizo mnazotumia ninyi: ba, be, bi, bo, bu. Mwaka uliofuata mapadre wa Kikatoliki wakafika, nao wakapata wanafunzi. Watumishi vijana wa Kabaka walikuja kwa wingi, wengine wakijifunza kwa siri.

Mutesa alikufa mwaka 1884, na mwanawe Mwanga akatawala. Huyu aliwaogopa wasomaji. Aliona kwamba kijana aliyeshika kitabu amepata bwana mwingine wa kumtii, na bwana huyo Kabaka hawezi kumwamuru. Mnamo Januari 1885 vijana watatu waliuawa. Tarehe 3 Juni 1886, mahali paitwapo Namugongo, wasomaji wengi, Wakatoliki na Waprotestanti, wakachomwa moto pamoja. Miongoni mwao alikuwa Charles Lwanga, kiongozi wa vijana wa jumbani. Wakatoliki 22 waliouawa katika miaka ile walitangazwa kuwa watakatifu na Papa Paulo wa Sita mwaka 1964.

Mtu angedhani kwamba baada ya moto ule karatasi zile zingetupwa. Sivyo. Miaka michache baadaye watu walisongamana kwenye nyumba za misheni wakiwa na kauri mikononi kununua vitabu, maana kauri ndizo zilizokuwa fedha yao. Waprotestanti waliweka sharti: anayetaka kubatizwa lazima kwanza ajue kusoma. Wazee sana na vipofu walisamehewa. Henry Wright Duta, Mganda, pamoja na Mwingereza George Pilkington walifanya kazi ya kuitafsiri Biblia, na mwaka 1896 Biblia nzima ikawa tayari kwa Kiganda. Kilikuwa kitabu chembamba kwa upana lakini kinene mno, kilichotengenezwa hivyo ili kiingie katika kopo la biskuti. Kwa nini kopo? Kwa sababu ya mchwa na panya! Kitabu kilichonunuliwa kwa jasho hakiachwi kiliwe na mchwa.

Sasa, wasikilizaji, tuondoke Buganda twende mashariki, mpaka nchi ya Wakikuyu huko Kenya. Huko nako Wakristo waliitwa wasomaji, kwa Kikikuyu athomi. Huko ndiko lilikotokea jambo ambalo wamisionari hawakulitazamia.

Wamisionari walifundisha kusoma ili watu wapate kulisikia neno la Mungu na kulitii. Lakini mtu akikwisha kujua kusoma, hakuna wa kumsimamia asome ukurasa upi. Agano Jipya lilitoka kwa Kikikuyu mwaka 1926, na Biblia nzima ilikuwapo tayari kwa Kiswahili. Watu wakasoma wenyewe. Waliambiwa kwamba Mkristo ana mke mmoja, kisha wakamsoma Ibrahimu, wakamsoma Yakobo na wake zake, na Mungu aliwabariki. Jomo Kenyatta alilieleza jambo hili katika kitabu chake cha mwaka 1938, Facing Mount Kenya.

Ugomvi mkubwa ulizuka mwaka 1929. Misheni kadhaa za Kiprotestanti ziliwataka waumini wao waikatae desturi ya kuwatahiri wasichana. Dk. John Arthur wa misheni ya Waskoti alikuwa mbele katika jambo hili. Waumini walitakiwa kuweka ahadi kwa maandishi, na wengi waliweka alama ya kidole gumba. Kwa Kikikuyu alama hiyo huitwa kirore, na waliokubali wakaitwa kwa jina hilo hilo. Waliokataa walitoka makanisani, nao walikuwa wengi. Wakauliza: ni mstari gani katika Biblia unaokataza desturi hii?

Mimi nasema wazi kwamba desturi ile iliwaumiza wasichana, na wengine walikufa. Leo sheria ya Kenya ya mwaka 2011 inaikataza. Katika jambo hilo la afya madaktari wa misheni walikuwa na haki. Lakini swali la wale waliotoka lilihusu jambo jingine pia: nani mwenye mamlaka ya kusema kitabu kina maana gani? Ndiyo maana hawakuiacha Biblia walipotoka. Walikwenda nayo. Wakajenga shule zao wenyewe kwa michango yao, na mwaka 1939 chuo cha walimu kikafunguliwa Githunguri. Wakamwita Askofu Mkuu Daniel William Alexander kutoka Afrika Kusini, akafika mwaka 1935, akawafundisha na kuwapa upadre watu wao. Mwaka 1946 kanisa lililotokana na kazi hiyo likapokewa na Patriaki wa Aleksandria huko Misri. Serikali ya kikoloni ilizifunga shule zile katika siku za Hali ya Hatari, lakini kanisa lile liko mpaka leo.

Mtaalamu mmoja aliyeishi Kenya, David Barrett, alitoa kitabu mwaka 1968 juu ya makanisa ya namna hii katika Afrika nzima. Alihesabu vikundi vipatavyo elfu sita. Akaona kwamba mahali watu walipopata Biblia kwa lugha yao wenyewe, hapo ndipo makanisa mapya yalipozaliwa zaidi. Wengine huhesabu jambo hili kuwa hasara, kwa sababu ya migawanyiko, na ni kweli kwamba ndugu waligombana na nyumba zikavunjika. Mimi naona pia watu waliokuwa wakiambiwa imani yao ni ipi, wakaanza kuitafuta wenyewe, usiku, kwa taa ya mafuta, kidole kikifuata mstari.

Siku hizi Biblia husikika redioni, na mtu huifungua katika simu yake. Haina haja ya kopo la biskuti.

Muda wetu umekwisha. Kabla hamjatawanyika, darasa lizungumze juu ya swali hili: mtu aliyeweka kidole gumba kwenye karatasi asiyoweza kuisoma mwaka 1929, je, alikuwa ameahidi nini? Wenye wazee nyumbani wawaulize kama wanakumbuka ni nani aliyekuwa wa kwanza kusoma katika ukoo wao, na alisoma kitabu gani. Majibu yaandikwe katika daftari. Kwaherini.