Maksim Munzuk na Dersu Uzala

Tuva ni nchi ya milima na nyika kusini mwa Siberia, mpakani na Mongolia. Huko alikulia Maksim Munzuk, mwigizaji, mwimbaji na mwongozaji aliyekuwa miongoni mwa waanzilishi wa maigizo ya jukwaani mjini Kyzyl. Kwao aliheshimiwa kwa kazi ya miaka mingi. Kwingineko anajulikana kwa sura moja tu, ile ya Dersu Uzala katika filamu ya mwaka 1975 ya mwongozaji Mjapani Akira Kurosawa.

Dersu hakuwa mtu wa kubuni. Alikuwa mwindaji wa kabila la Wananai, aliyebaki peke yake katika misitu ya Ussuri, mashariki ya mbali ya Urusi, baada ya ndui kuwaua mkewe na watoto. Vladimir Arsenyev, ofisa wa jeshi aliyetumwa kuchora ramani za eneo hilo, alimfanya kiongozi wa njia, kisha akaandika vitabu juu ya safari zao. Vitabuni wanakutana mwaka 1902, ingawa shajara za Arsenyev zinaonyesha 1906. Dersu aliuawa mwaka 1908 karibu na Korfovskaya, si mbali na Khabarovsk.

Kurosawa alikuwa amevisoma vitabu hivyo tangu ujanani. Mosfilm, studio ya filamu ya Kisovieti, ilimwalika akiwa katika hali ngumu: filamu yake ya 1970 ilikosa watazamaji, na mwishoni mwa 1971 alijaribu kujiua. Toshiro Mifune, nyota wa filamu zake za zamani, alifikiriwa kwa nafasi ya Dersu, lakini haikuwezekana. Nafasi ikaenda kwa Munzuk, ambaye umri wake ulikuwa umepita miaka 60.

Ni vigumu kuiwaza filamu hiyo bila yeye. Munzuk ni mfupi, anatembea amejikunja kidogo, macho chini yakisoma nyayo. Askari wanapolenga chupa inayoning'inia, Dersu anashangaa mtu kuvunja kitu adimu porini. Yeye analenga kamba na kuikata. Sehemu bora zaidi ni ile ya Ziwa Khanka. Dhoruba inakuja, jua linatua, na wanaume wawili wanafyeka matete kwa haraka hadi Arsenyev, aliyeigizwa na Yuri Solomin, anaanguka kwa uchovu. Dersu anaendelea peke yake, anarundika matete juu ya miguu mitatu ya kifaa cha kupimia ardhi, na kibanda hicho kinawaokoa. Munzuk hafanyi mbwembwe yoyote hapo. Mikono yake tu inafanya kazi, na mtazamaji anaamini kwamba mikono hiyo inaijua baridi.

Filamu ilipata tuzo kuu ya tamasha la Moscow mwaka 1975, na mwaka uliofuata Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Munzuk aliendelea kuigiza katika filamu za Kisovieti, mara nyingi katika nafasi ndogo. Alifariki mwaka 1999.