Moira Shearer na Ushahidi wa Sinema

Utenzi ukishatungwa huweza kuhifadhiwa kwa wino. Bali uchezaji huisha pale mguu unapotua. Kwa hiyo aandikaye historia ya wachezaji hutegemea kumbukumbu za watazamaji na, tangu kuja kwa sinema, picha zilizobaki. Je, sinema ni shahidi wa kuaminiwa? Maisha ya Moira Shearer, mchezaji wa baleti, yatufaa kulipima swali hili.

Alizaliwa Dunfermline, Scotland, mwaka 1926. Mwaka 1931 wazazi wake walihamia Ndola, katika Rhodesia ya Kaskazini, nchi iitwayo Zambia tangu 1964. Huko ndiko alikofundishwa hatua zake za kwanza za baleti. Akarejea Uingereza mwaka 1936, na mwaka 1942 akaingia katika kundi la Sadler's Wells, lililoasisiwa na Ninette de Valois. Mwaka 1946 alikuwa mmoja wa wachezaji sita waliochaguliwa na Frederick Ashton kwa Symphonic Variations. Na Desemba 1948, Margot Fonteyn alipoumia, Shearer ndiye aliyekuwa wa kwanza kucheza Cinderella ya Ashton.

Lakini mwaka huo huo 1948 ilikuwa imekwisha kutoka The Red Shoes, sinema ya Michael Powell na Emeric Pressburger. Hapo kwanza Shearer aliikataa kazi hiyo kwa muda mrefu, maana moyo wake ulikuwa jukwaani. Hatimaye akakubali kuwa Victoria Page, mwanamke avutwaye huku na sanaa na huku na mapenzi, hata akafa. Ndani ya sinema hiyo mna baleti nzima ya dakika zipatazo 17, iliyotokana na hadithi ya Hans Christian Andersen.

Hapa ndipo ushahidi unapohitaji kuchunguzwa. Jukwaani mchezaji huichukua ngoma tangu mwanzo hata mwisho kwa pumzi zake mwenyewe. Katika sinema ngoma hukatwa vipande, kisha vipande huungwa. Na gazeti lipeperushwalo na upepo laweza kugeuka mtu na kucheza naye. Uso na mguu twaviona kwa karibu kuliko aliyeketi ukumbini. Uwezo wa kuistahimili kazi nzima hatuuoni.

Shearer alicheza pia katika The Tales of Hoffmann ya 1951, kisha mwaka 1953, akiwa na umri wa miaka 27, akaliacha jukwaa la baleti. Victoria Page alikufa kwa kushindwa kuchagua. Shearer, aliyekuwa ameolewa na Ludovic Kennedy tangu 1950, aliishi hata 2006.

Basi amwitaye mtu wa sinema humpunja, maana miaka ya jukwaa ndiyo iliyomjenga. Walakini, pasipo sinema, ni wangapi leo wangalilijua jina lake? Shahidi huyu asikataliwe; ila asisikizwe peke yake.