Rashidi Kawawa Katika Picha za Sinema

Kigwa ni kijiji cha Unyamwezi, mashariki ya mji wa Tabora, juu ya njia ya kale ya misafara itokayo pwani. Burton alipita hapo mwaka 1857, Stanley mwaka 1871, na pamoja nao wapagazi wasiohesabika wenye pembe za ndovu mabegani. Reli ilipofika Tabora mwaka 1912 misafara ilikwisha, lakini watu watokao mbali waliendelea kuja. Baadhi yao walikuwa vijana waliochaguliwa kuingia Shule ya Serikali ya Tabora, iliyofunguliwa mwaka 1925. Mmoja wao alikuwa Rashidi Mfaume Kawawa, aliyezaliwa mwaka 1926 katika kijiji cha Matepwende, upande wa Songea. Na baba yake alikuwa mwindaji wa tembo.

Alipomaliza masomo ya Tabora angeweza kuendelea Makerere. Hakwenda. Alikuwa na wadogo zake wa kusomesha, akashika kazi ya ukarani serikalini, kisha akahamia Idara ya Maendeleo ya Jamii. Huko ndiko sinema ilikomkuta.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Kiingereza ilipatana na kampuni ya filamu ya Afrika Kusini ili zitengenezwe Tanganyika picha za Kiswahili, zichezwe na Waafrika wenyewe. Kawawa akawa mchezaji mkuu, na katika utungaji pia alikuwa na mkono wake. Picha iliyomtangaza ni Muhogo Mchungu, mchezo wa kuchekesha juu ya mtu wa shamba aingiaye mjini na kukutana na hadaa zake. Meli Inakwenda na Chale Anatoka Jela ni nyingine za wakati ule. Nia ya wakubwa haikufichika: mwananchi acheke, na katika kucheka ajifunze mwenendo uliowapendeza watawala. Lakini picha haimtii aliyeilipia. Mtazamaji alimwona Mwafrika mwenzake akisema Kiswahili chake juu ya kitambaa cheupe, na pengine hilo ndilo alilorudi nalo nyumbani kuliko mafunzo yote.

Mchezaji huyo, hata hivyo, alikuwa mtumishi wa serikali, na tangu mwaka 1953 watumishi wa serikali walikatazwa kujiunga na vyama vya siasa. TANU ilipozaliwa mwaka 1954 mlango wake ulikuwa umefungwa kwake. Akapitia dirishani: aliongoza chama cha watumishi Waafrika wa serikali, na lilipoundwa Shirikisho la Wafanyakazi la Tanganyika mwaka 1955 akawa katibu wake mkuu. Mwaka 1956 aliacha kazi ya serikali, na sinema pia. Mtu aliyezoea kukariri maneno yaliyokubaliwa na idara sasa alisimama mbele ya wafanyakazi akisema ya kwake.

Yaliyofuata yanajulikana zaidi. Januari 1962 Nyerere alipojiuzulu uwaziri mkuu, Kawawa alishika nafasi yake. Baadaye akawa Makamu wa Rais, na kuanzia 1972 hadi 1977 Waziri Mkuu tena. Kipindi hicho cha pili ndicho kizito kupimwa. Novemba 1973 Nyerere alitangaza kwamba kuishi katika vijiji ni amri, na ofisi ya Kawawa ndiyo iliyosimamia uhamaji huo nchi nzima, Unyamwezi ikiwamo, ambako kaya zilizoea kukaa mbalimbali katika miyombo. Wengine walihama kwa hiari; wengine walibomolewa nyumba. Yule aliyewahi kumchezea mtu wa shamba asiyejua la kufanya mjini sasa alikuwa akimwamuru mtu wa shamba halisi mahali pa kujenga.

Kawawa alifariki Dar es Salaam tarehe 31 Desemba 2009. Jina alilobaki nalo ni Simba wa Vita. Wanaomkumbuka kwa Muhogo Mchungu ni wachache.