Dumuzi Alivyobadili Ghala la Mahindi

Mwanzoni mwa miaka ya 1980, wakulima wa Urambo, mkoani Tabora, walianza kukuta unga ndani ya vihenge kabla mahindi hayajafika mashineni. Kwa nje mahindi yalionekana mazima, yamefunikwa na maganda yake. Ukiyamenya, punje zilikuwa zimetobolewa zikabaki kama chujio, na vumbi jeupe likamwagika mkononi. Fukusi walikuwa wakiwajua tangu enzi za babu zao, na hasara yao walishaizoea. Huyu aliyekuja sasa alikula kwa kasi nyingine.

Mwaka 1981 wataalamu walimtambua. Alikuwa Prostephanus truncatus, mdudu ambaye sayansi ilikuwa imempa jina tangu 1878, na ambaye kwao ni Meksiko na Amerika ya Kati. Afrika ilikuwa haijawahi kumwona akiweka makazi. Inaaminika aliingia na mahindi yaliyoagizwa kutoka nje mwishoni mwa miaka ya 1970. Maofisa ugani wakamwita dumuzi. Mitaani watu walimpa jina la lori kubwa lililokuwa likitamba barabarani: Scania. Miaka ya baadaye baadhi ya wakulima wa Kenya wakamwita Osama.

Kumtofautisha na wenzake si kazi ngumu kwa anayejua pa kutazama. Fukusi wa mahindi ana mdomo mrefu uliochongoka mbele ya kichwa. Dumuzi hana. Mwili wake ni mviringo kama kipande cha kijiti, rangi ya kahawia iliyokolea, urefu wa milimita 3 hadi 4 na kitu, na kichwa kimejificha chini ya kifua, hivyo ukimtazama kwa juu hukioni. Dalili kubwa iko nyuma: mwisho wa mwili wake ni bapa, umekatwa wima. Nduguye mdogo anayeshambulia nafaka vilevile ana mwisho wa mviringo. Ghalani, ishara ya kwanza ni wingi wa unga, kwa sababu dumuzi aliyekomaa hutoboa zaidi kuliko anavyokula.

Hasara ilipimwa mapema. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 1983, baadhi ya maghala ya wakulima wa Tanzania yalikutwa yamepoteza hadi asilimia 34 ya uzito wa mahindi baada ya miezi michache ya kuhifadhi. Muhogo mkavu haukusalimika pia. Makopa yaliyoanikwa yakawekwa ghalani yaliweza kuharibika vibaya zaidi ya mahindi.

Mdudu huyo alikuwa amekuta mila inayomfaa. Katika sehemu nyingi za Afrika Mashariki mahindi yalihifadhiwa yakiwa kwenye magunzi, mara nyingi na maganda yake, ndani ya kihenge cha fito au juu ya dari ya jikoni ambako moshi ulisaidia kufukuza wadudu. Dhidi ya fukusi, ganda lililofunga vizuri ni kinga ya kweli. Kwa dumuzi, gunzi ni nguzo ya kuegemea: punje zilizoshikiliwa imara humpa nguvu ya kutoboa, na jike huchimba vijumba pembeni ya njia yake akataga mayai humo. Punje zilizopukuchuliwa huteleza na kumsumbua. Tena hahitaji nafaka yenye unyevu mwingi; hata mahindi yaliyokauka hadi kiwango kinachowashinda wadudu wengine, yeye huyamudu. Katika joto la nyuzi 32 na hewa yenye unyevu, yai huwa mdudu kamili kwa takriban siku 25.

Kampeni iliyofuata, ikiungwa mkono na FAO na wataalamu wa Uingereza, iligusa mila hiyo moja kwa moja. Mkulima aliambiwa apukuchue mapema, apepete, achanganye mahindi na dawa ya unga, kisha ayaweke kwenye gunia au chombo safi. Dawa yenyewe ilibidi iwe ya aina mbili kwa pamoja. Permethrini ilimwua dumuzi lakini ilikuwa hafifu kwa fukusi. Pirimifosi-methyl iliwashughulikia fukusi lakini haikumtosha dumuzi. Mchanganyiko huo uliuzwa kwa jina la Actellic Super, na maduka ya pembejeo yakaujaza rafuni. Kupukuchua kwa mikono ni kazi nzito, na sehemu kubwa ilianguka kwa wanawake na watoto, jambo lililochelewesha mabadiliko katika kaya nyingi.

Wakati huo dumuzi alikuwa safarini. Mwaka 1983 alionekana Taveta, upande wa Kenya, na mwaka 1984 Togo, ambako inadhaniwa aliingia kwa njia nyingine, si kutoka Tanzania. Biashara ya mahindi ilimbeba hadi Burundi, Malawi, Zambia na kwingineko. Mitego yenye harufu ya dume, inayowavuta dume na jike pia, ilimnasa hata porini mbali na mashamba, kwa kuwa anaweza kuzaliana ndani ya matawi makavu ya miti. Hapo matumaini ya kumtokomeza kabisa yakaisha.

Watafiti wakageukia adui yake wa asili, Teretrius nigrescens, mdudu mweusi wa Amerika ya Kati anayekula mayai na mabuu ya dumuzi. Aliachiliwa Togo mwaka 1991 na Kenya mwaka 1992. Katika maeneo yenye joto ya Afrika Magharibi alipunguza idadi ya dumuzi. Kwingineko matokeo yalitofautiana.

Leo mkulima anaweza kuchagua pia mifuko ya PICS, ambayo asili yake ni utafiti wa kuhifadhi kunde nchini Kamerun: mifuko miwili ya nailoni ndani ya gunia la plastiki, ikifungwa hewa isipite hadi wadudu waishiwe oksijeni. Njia hii haihitaji dawa. Hata hivyo, dumuzi ana uwezo wa kutoboa nailoni, kwa hiyo mahindi yanapaswa kukaushwa vizuri na kupepetwa, kisha kufungwa kabla wadudu hawajaongezeka, na mifuko yenyewe kukaguliwa matobo kabla ya kutumika msimu unaofuata.