Kina Kinyonga wa Tanga na Jina Lililowashinda Kulimiliki

Wasomaji wenzangu, tuanze na hili. Ukienda harusini leo, iwe Tandika au Likoni, ikifika ile saa ya wazee kunyanyuka, DJ ataweka "Sina Makosa". Ukumbi mzima utaitikia, hata vijana wa umri wangu ambao wimbo ule ulitoka kabla mama zao hawajavunja ungo. Waulize ni wa nani. Watakwambia, "Wa Wanyika." Sasa hapo ndipo pana kazi, maana Wanyika walikuwa wengi, na waliolianzisha jina hilo hawamo kabisa kwenye wimbo huo.

Waliolianzisha ni ndugu: Wilson Peter Kinyonga na George Peter Kinyonga, watoto wa Tanga. Miaka ya 1960 Tanga ilikuwa mji wa bandari, reli na mkonge, na ilikuwa mji wa muziki. Kulikuwa na Atomic Jazz na kulikuwa na Jamhuri Jazz, na mpenzi wa huku hakai meza moja na wa kule. Mambo ya Simba na Yanga yale yale, ila kwa magitaa. Wilson na George walianzia Jamhuri. Wote wawili waliimba, wote wawili walipiga gitaa.

Mwaka 1970 wakahamia Arusha, wakaunda Arusha Jazz pamoja na ndugu yao wa tatu, William. Huyu William husahaulika sana. Watu wanapenda hadithi za wawili, wa tatu anawaharibia hesabu. Mwaka uliofuata, 1971, wakavuka mpaka kwenda Mombasa, na huko ndiko Simba Wanyika ikazaliwa.

Kwa nini wavuke? Mie nimelifikiria sana swali hili, maana linatugusa sisi tunaoandika. Tanzania baada ya Azimio la Arusha la 1967, bendi nyingi kubwa zilikuwa mali ya taasisi. NUTA Jazz ilikuwa ya chama cha wafanyakazi, Polisi walikuwa na yao, kiwanda cha nguo cha Urafiki nacho kikawa na yake. Mwanamuziki alikuwa mwajiriwa. Gitaa la ofisi, mshahara wa mwisho wa mwezi. Siyo jambo baya hata kidogo, wangapi kati yetu leo wanalipwa mshahara kwa kuandika hadithi? Lakini santuri haikuwapo. Redio Tanzania ilirekodi nyimbo kwenye kanda zake na kuzipiga hewani nchi nzima, ila mashine ya kuchapa santuri hatukuwa nayo. Ukitaka wimbo wako uwe kitu cha kushikwa mkononi na kununuliwa dukani, njia ilikuwa Nairobi. Huko kulikuwa na makampuni, kulikuwa na kiwanda, kulikuwa na Polygram.

Kwa hiyo kina Kinyonga wakafanya kile ambacho leo vijana wanakiita kuzamia, ila wao walizama na magitaa. Kutoka Mombasa wakasogea Nairobi katikati ya miaka ya 1970, wakakuta jiji limejaa Wakongo wenye rumba lao na Waluo wenye benga lao. Wao wakaja na kitu cha katikati, na juu yake Kiswahili cha Tanga, laini, kisicho na haraka. Ile santuri ndogo ilibeba dakika chache tu kila upande, na rumba haliishi upesi namna hiyo, basi wimbo ulikatwa vipande viwili. Upande wa kwanza unasimuliwa kisa, upande wa pili magitaa yanaachiwa. Waandishi chipukizi, hebu likumbukeni hilo mnapolalamika kuwa mhariri kawapa kurasa nne.

Kisha ukaja 1977. Jumuiya ya Afrika Mashariki ikavunjika, na Tanzania ikafunga mpaka wake na Kenya. Bendi za nyumbani zilizozoea kupanda basi hadi Nairobi kurekodi zikakatika mguu. Kina Kinyonga walikuwa upande ule tayari. Hebu waza: Tanga na Mombasa ni majirani wa pwani moja, samaki wao mmoja, na watu wao wanaoana, halafu katikati pawe pamefungwa. Ulifunguliwa tena 1983. Miaka yote hiyo Watanzania hawa walikuwa wakiwaimbia Wakenya kwa lahaja ya nyumbani ambako njia ya kawaida ya kurudi ilikuwa imezibwa. Mtu akiniambia muziki wao ni wa mapenzi tu, namwambia asikilize sauti siyo maneno. Kuna upweke mle.

Na katikati ya kufungiwa huko, 1978, bendi ikapasuka. Aliondoka Omar Shabani, yule waliyemwita Professor, mpiga gitaa la ridhimu, na wenzake kadhaa. Wakaungana na John Ngereza wakaunda Les Wanyika. Angalia jina lenyewe: "Les" la Kifaransa, maana rumba ni lazima linukie Kongo kidogo, na "Wanyika" walilolibeba kutoka nyumba waliyoihama. Walioondoka ndio waliotoa "Sina Makosa". Ni wimbo wa mtu anayechukiwa na mwenzake kwa tuhuma ya mwanamke, anamwambia chuki hii haina sababu. Sisemi walikuwa wakiwaimbia kina Kinyonga. Lakini mie ningekuwa Wilson, nikiusikia ukipigwa kila baa ya Nairobi, jina langu likiwa ndani ya jina lao, nisingelala vizuri.

Mwimbaji Issa Juma naye, baada ya kupitia Les Wanyika, akaanzisha Super Wanyika. Jina likawa kama la ukoo. Na kisarufi ni kichekesho: simba wa nyika, mnyama wa porini, amegeuka Wanyika, watu. Zamani watu wa pwani waliwaita hivyo majirani zao wa bara, na haikuwa sifa. Sasa kila mtu analitaka.

Halafu pigo la ndani ya nyumba. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 George mwenyewe akatoka akaunda Orchestra Jobiso. Hapa nitamke wazi kwamba mada hii nimeichagua kwa sababu yangu. Mie na mdogo wangu wa kike tunaandika riwaya moja kwa kalamu mbili, tangu nilipomaliza kidato cha nne. Sura zake ni nzuri kuliko zangu, na mwaka huu kaniambia anataka kuandika yake peke yake. Sijamjibu. Nimekuwa nikisikiliza Jobiso na Simba Wanyika, moja baada ya nyingine, nikitafuta nani alimkosa nani. Masikio yangu yananiambia kila mmoja alikuwa akiacha nafasi ya mwenzake kwenye wimbo, kama mtu anayetandika kitanda upande mmoja.

Walirudiana. Miaka ya 1980 ilipokuwa ikiisha soko lilikuwa limeoza. Kanda za wizi zilidurufiwa kila kichochoro, santuri zikafa, na anayeuza wimbo siyo aliyeutunga. Ulaya ndiko wakapatikana wasikilizaji wapya wa kulipa. Mwaka 1992 albamu yao "Pepea" ikatolewa na kampuni ya Uholanzi iitwayo Kameleon. Na jamani, kwa Kiholanzi neno hilo maana yake ni kinyonga! Ukiweka sadfa hiyo kwenye riwaya, mhariri ataifuta kwa wino mwekundu. "Pepea" ina sauti zao wote wawili, wamekomaa, hakuna anayekimbilia mbele. Saksafoni inaingia, inasema lake, inatoka. Nyimbo ndefu, hazikatwi tena vipande.

Desemba ya mwaka huo huo George akafariki. Wilson akamfuata 1995, na Simba Wanyika ikaishia hapo. Omar Shabani alikufa 1998, Ngereza 2000.

Kati ya Desemba 1992 na kifo chake, Wilson alikuwa na nyimbo zilizotungwa kwa sauti mbili na mdomo mmoja wa kuziimbia. Mdogo wangu ameisoma aya hii, akanirudishia karatasi bila kusema kitu. Nimempa sura ya tano, aimalizie atakavyo.